Msimu wa Kuuliziwa

Jumatatu, 2 Juni

Jambo hili sijamwambia mtu. Mama hajui, wala Kani niliyekaa naye dawati moja tangu darasa la kwanza. Leo wakili amesema mbele ya kila aliyekuwa barazani kwake kwamba hakuna mwanamume atakayenioa. Mama akajifuta macho kwa ncha ya sari. Baba akatazama ndala zake. Aachi, bibi yangu mzaa baba, akatema tambuu kwa hasira mpaka ikampata mbwa wa watu. Mimi nilifurahi.

Nimeliandika. Sasa nieleze, maana nikiisoma sentensi hiyo naonekana nimerukwa na akili.

Tangu matokeo ya mtihani wa mwisho yatoke, kila anayepita mtaani kwetu ananiuliza, "Pechi, umemaliza shule? Sasa je?" Na hiyo "sasa je", kwa msichana, ina jibu moja tu. Kani ameshachaguliwa hata sari ya harusi. Mimi nataka kwenda chuo cha wanawake kule Tenkasi mjini nikasome hesabu. Nafasi nimepata. Kinachonizuia ni goti. Mwaka juzi, msimu kama huu, gari la watalii waliokuwa wakikimbilia maporomoko ya Kutralam lilinigonga nikitoka shule, na tangu siku hiyo goti langu la kulia halikunjiki. Daktari wa mji wa Tirunelveli anasema upasuaji wa pili utalifanya likunjike. Lakini fidia tuliyopewa na baraza la madai ya ajali imeishia kwenye upasuaji wa kwanza. Ndiyo maana tumekata rufaa mahakama kuu. Tukiongezewa, goti litatengenezwa. Tusipoongezewa, nitabaki nalo hivi hivi.

"Kuna kitu kikubwa hawakukihesabu," alisema wakili Ulaganathan, akigonga meza. "Kupotewa na matarajio ya ndoa! Msichana mbichi, mguu umekakamaa kama mchi. Nani atamwoa? Hakuna! Na hiyo ina fidia yake."

Alisema kwa furaha kama mtu aliyeokota pete barabarani. Nami nikawaza: mahakama kuu ikishaandika kwamba sitaolewa, nani tena ataniuliza "sasa je"? Nitapata goti na nitaachwa nisome. Niliinamisha kichwa ili wasione ninavyotabasamu. Wakadhani nalia. Mama akanishika mkono.

Alhamisi, 5 Juni

Manyunyu yameanza. Upepo umeyaleta kutoka upande wa pili wa mlima, na jua limo humo humo ndani. Nguo hazikauki, lakini hakuna anayelalamika.

Jumapili, 8 Juni

Baba amehamia Kutralam kwa msimu. Anakaanga parota, chapati zetu za matabaka, kwenye kibanda karibu na maporomoko, na watu wakitoka kuoga wanatetemeka, wanakula kama waliofungwa jela. Atakuwa anakuja nyumbani siku za katikati ya wiki, ananuka mafuta na vitunguu.

Chakula cha mchana nimekula na Aachi na Mama sakafuni, mguu nimeunyoosha mbele kama kawaida. Aachi ameupa jina. Anauita Mgeni. "Mpisheni Mgeni," anasema, au "Mgeni leo kalala upande gani, nisije nikamkanyaga?" Mama hapendi. Mimi napenda. Afadhali Mgeni kuliko yale macho ya watu wanaojifanya hawauoni.

Jumatano, 11 Juni

Wakili amekuja nyumbani kutoa masharti.

"Mpaka rufaa isikilizwe," alisema, "hakuna posa katika nyumba hii. Karatasi ya nyota ya binti, ile ya kulinganishwa na ya mchumba, isitoke nje. Asije mtu kumtazama. Na mtu yeyote akiuliza, semeni ukweli: goti limekufa, binti hatembei vizuri, hakuna anayemtaka."

"Huo ni ukweli wa nani?" Aachi akauliza.

"Aachi, ni kwa msimu huu tu."

"Bwana Wakili, wewe una mabinti?"

"Sina. Nina watoto wa kiume."

"Ndiyo maana unaongea hovyo."

Wakili akacheka peke yake. Mama akamwongezea kahawa ili kubadili maneno. Mwisho Aachi aliahidi, ila aliahidi huku akitazama dari. Shangazi Sornam, jirani yetu fundi cherehani, ambaye si shangazi yetu ila hakuna jambo letu linalompita, naye aliahidi kuuelekeza mtaa mzima. Alisema, "Niachieni mimi. Nitamwaga machozi mpaka mahakama ipate mafua."

Wakili huyu ananitisha. Sauti yake ni kubwa kuliko mwili wake.

Jumamosi, 14 Juni

Mvua, jua, mvua. Nimefanya hesabu zote za mwisho wa kitabu.

Jumanne, 17 Juni

Nimejaribu basi. Sikumwambia mtu kwamba najaribu; nilisema nakwenda kununua nazi.

Basi la mjini husimama kwa muda wa mtu kupiga chafya. Ngazi ya kwanza iko juu, karibu na kiuno changu. Kwa haraka nikatanguliza mguu wa kulia, Mgeni mwenyewe, akagonga chuma na kukataa. Kondakta, kijana mwenye filimbi mdomoni, akasema, "Dada, hii si nyumba mpya, si lazima uingie na mguu wa kulia!" Basi zima likacheka. Na mimi nilicheka, kwa kuwa ilichekesha kweli. Halafu nikabadilisha, nikatanguliza wa kushoto, nikashika chuma, na wakati namvuta Mgeni basi likaanza kwenda. Nikaruka chini. Kondakta akapiga filimbi kulisimamisha, lakini nilishageuka narudi.

Nazi nilinunua.

Jumatatu, 23 Juni

Kani kaja kunionyesha bangili za harusi. Amenenepa kwa furaha. Sikuwa na wivu hata kidogo, nimejipima.

Ijumaa, 27 Juni

Leo nina mengi, na mkono unaniuma kabla sijaanza.

Asubuhi nilikuwa jikoni nakuna nazi, nimesimama, kwa kuwa mbuzi ya kukaa chini siiwezi tena. Dirishani nikamwona mtu anaingia mtaani na mwavuli. Alikuwa wa makamo, ana miwani. Alivaa shuka jeupe lenye pindo la dhahabu na alama mbichi ya msandali kwenye paji la uso. Mkono mmoja alishika mwavuli pamoja na asumini zilizofungwa katika jani. Mkono wa pili, chane ya ndizi. Na leo ni Ijumaa, siku njema.

Akasimama kwa Shangazi Sornam, aliyekuwa mlangoni na cherehani yake.

"Habari za hapa, mama. Nimekuja kumuulizia binti wa Sudalaimuthu."

Shangazi anasema nywele zilimsimama. Kwetu mtu haji tu kuposa. Kwanza hutumwa mshenga wa kimya kimya kuwauliza majirani, na majirani wema kazi yao ni kusifu. Shangazi Sornam amewasifu wasichana wabovu kuliko mimi wakaolewa wote.

"Pechi?" akasema, na ahadi yake kwa wakili ikayeyuka kama chumvi. "Pechi wetu! Ingia barazani, bwana, usinyeshewe. Huyo ndiye taa ya mtaa huu."

"Nasikia alipata ajali."

"Ajali! Nani hajapata ajali? Mimi mwenyewe nilianguka kisimani."

"Na mguu wake?"

"Mguu upi?"

Hapo Aachi akatoka ndani, nywele mbichi, sari kaifunga nusu. Akamkaribisha kwetu, Shangazi naye akafuata, akampa kiti cha Baba, akaniita nitengeneze kahawa. Niliwasikia vizuri kupitia ukutani, na kila jibu lilinifanya nikodoe macho.

"Anatembeaje?" mgeni akauliza.

"Kama tausi!"

"Anaweza kuchuchumaa?"

"Mlangoni hukuona nakshi za unga wa mchele? Kachuchumaa kazichora alfajiri, zote kwa mkono wake." Nakshi zilichorwa na Mama.

"Na posa zinakuja?"

"Kama siafu kwenye sukari guru. Juzi tumemkataa daktari."

"Daktari?"

"Wa mifugo," Shangazi Sornam akadakia, ili uongo usizidi kimo.

Nikaleta kahawa. Aachi alinitolea macho, nikaelewa: nisitembee. Nikasimama nyuma ya fremu ya mlango, Mgeni nimemficha, nikanyoosha mkono tu. Yule bwana akapokea kikombe, akaniangalia kwa upole.

"Binti, unajisikiaje?"

Hapo ndipo ningeweza kusema. Lakini mbele ya mtu nisiyemjua sauti yangu hunywea. Nilisema neno moja tu: "Vizuri."

Muda wote alikuwa akibonyeza simu yake. Aachi alidhani anaandika nyota yangu. Mwisho akashukuru, akafungua mwavuli, akaondoka. Sisi watatu tukabaki tunamtazama mgongo.

"Ameondoka na ndizi zake!" Aachi akasema.

"Labda hizo hazijaiva," Shangazi akamtuliza. "Ataleta nyingine."

Mama, aliyekuwa mtoni, aliporudi akasimuliwa yote. Akatua ndoo ya nguo. Halafu akauliza jambo ambalo hakuna kati yetu aliyelifikiria: "Mlimwuliza jina la bwana harusi?"

Jumamosi, 28 Juni

Hapakuwa na bwana harusi. Wakili amempigia Baba simu, Baba akiwa amepita nyumbani mara moja kuchukua nguo kavu. Kampuni ya bima ya lile gari la watalii ilituma mpelelezi wake mtaani kwetu jana. Ripoti imeshafika. Baba aliishika simu mbali na sikio, nasi sote tukasikia: "Tausi! Bwana Sudalaimuthu, TAUSI!"

Simu ikakatika. Mvua ilikuwa ikigonga bati. Aachi akakaa chini taratibu.

"Lakini alikuwa na ndizi," alisema.

Jumatatu, 30 Juni

Mama na Aachi hawaongei. Wanaongea kupitia kwangu.

"Mwambie bibi yako chumvi imo."

"Mwambie mama yako nimeionja."

Wamekaa umbali wa mkono mmoja.

Alhamisi, 3 Julai

Shangazi Sornam amepita nyumba hadi nyumba akieleza kwamba yeye hana kosa. "Asumini! Ndizi! Ijumaa! Nyinyi mngemwambia nini?" Mtaa mzima unakubali kwamba wangemwambia vile vile. Mzee wa duka la chai amesema yeye angeongeza kwamba najua kuimba.

Baba hajakasirika. Alisema tu, "Basi goti litasubiri." Halafu akatoka nje kulitazama bomba ambalo halikuwa na tatizo lolote.

Jumatano, 9 Julai

Nilikuwa na Aachi tunachambua majani ya mlonge. Kwa siku kadhaa amekuwa anakula kidogo. Nilijikaza nikauliza.

"Aachi, kwa nini hukusema? Kidogo tu? Kwamba mguu unasumbua?"

Aliendelea kuvuta majani kwenye vijiti.

"Nilijaribu," alisema. "Jana nilisimama mbele ya kioo. Nikasema: mjukuu wangu kaharibika, hakuna anayemtaka. Mdomo ukakataa. Nikajaribu tena. Nikajiona mzee mbaya."

"Ni maneno ya mahakamani tu."

"Ya mahakamani aseme wakili, analipwa. Nikiyasema mimi, bibi yako, atakuwa amebaki nani wa kuyakataa?"

Nikaendelea kuchambua majani. Tangu mwanzo wa msimu nilimwona Aachi kama mtu anayetaka kuniozesha kwa nguvu. Leo nimemwona mtu aliyekataa kuniuza kwa neno moja, hata kwa bei ya goti. Na furaha yangu ile ya tarehe mbili Juni imeanza kunikaa vibaya. Nilifurahi kwa kuwa nilidhani ni kinga. Lakini kinga yenyewe ni kusema mimi ni kitu kibovu. Sasa watu wamesema uongo wa namna mbili juu yangu, kwamba nimeharibika na kwamba mimi ni tausi. Hakuna kati yao aliyelitaja basi.

Jumatatu, 14 Julai

Upepo umevunja mgomba wa Shangazi Sornam. Anasema ndizi zimemlaani.

Jumatano, 16 Julai

Habari! Rufaa yetu imepelekwa kwenye kikao cha suluhu, mjini Madurai kwenye mahakama kuu, tarehe tisa Agosti. Huko hakuna kizimba. Mnakaa meza moja na kampuni ya bima, mbele yenu jaji mstaafu, na mkikubaliana yanaisha siku hiyo hiyo. Msipokubaliana mnarudi kwenye foleni, na foleni hiyo ni ya miaka.

Wakili amekuja mwenyewe kutueleza, amelowa chapachapa, pikipiki yake imezimika njiani akaisukuma. Baba alikuwa nyumbani, akamkaangia parota. Alikula nyingi mno, na alipokuwa anakula sauti yake ilipungua ikawa ya mtu wa kawaida. Alisema alishinda ofisi ya msajili tangu asubuhi ili jina letu liingie kwenye kikao hiki, na kwamba hakupenda kutuma habari kwa mkono wa mtu mwingine maana anajua goti halisubiri. Nilikuwa sijui kwamba anajua.

Halafu akaharibu tena. "Ripoti ile imetuua. Kimebaki kitu kimoja. Pechi, lazima ulie."

"Kulia?"

"Mbele ya jaji. Si sana. Kiasi tu. Hebu jaribu."

Nikajaribu. Mama akaniletea kitunguu. Baba akasema fikiria ng'ombe wetu aliyekufa. Nikamfikiria, lakini yule ng'ombe alikuwa akila kamba za nguo na kumkimbiza postamasta, nikaanza kucheka. Baba naye akacheka. Kisha Mama. Wakili akafunika uso kwa parota.

"Mwambie mama yako," Aachi akaniambia, naye machozi ya kicheko yanamtoka, "mwambie yule ng'ombe alikuwa wake."

Mama akamjibu bila kupitia kwangu: "Alikuwa wa kwako!" Halafu akakumbuka kwamba hawaongei.

Jumanne, 22 Julai

Najizoeza kulia nyuma ya nyumba. Kuku wananishangaa.

Jumatano, 30 Julai

Bado.

Jumamosi, 9 Agosti

Tuliondoka kabla jua halijachomoza, kwa gari la kukodi, sote: Baba, Mama, mimi, Aachi aliyeapa kwamba asipochukuliwa atatembea, na wakili kiti cha mbele. Madurai hakuna manyunyu. Ni joto kavu. Nilihisi kama nimetolewa kwenye maji.

Ukumbi ulijaa meza na kila meza watu wamezongamana kama sokoni. Meza yetu ilikuwa na jaji mstaafu, mama mwenye nywele nyeupe na sari ya kijivu, ana chupa ya kahawa pembeni. Upande wa pili alikaa ofisa wa bima, kijana mwenye tai. Na pembeni yake, yule bwana wa miwani. Aliponiona aliinamisha macho. Jina lake ni Kulasekaran.

Ofisa akasoma ripoti. "Kwa mujibu wa majirani na bibi yake, binti anatembea kama tausi. Anachuchumaa na kuchora nakshi. Posa zinakuja kwa wingi, na hivi karibuni familia ilimkataa daktari."

"Wa mifugo," Aachi akasema kutoka nyuma, kabla Baba hajamziba mdomo.

Wakili akasimama. Sauti ikarudi ukubwa wake. "Mheshimiwa, hayo ni maneno ya mtaani! Mtazameni binti huyu! Ua lililovunjwa! Nani atamchuma? Nani?" Na chini ya meza akanikanyaga kidole, mguu wa kushoto, ule mzima, ili nilie.

Jaji akanitazama. "Binti, wewe unasemaje?"

Nilijua kwamba nisiposema sasa nitasema "vizuri" tena, na Mgeni atabaki mguuni mwangu mpaka nizeeke. Nikashika ukingo wa meza.

"Mheshimiwa, mimi si tausi," nilisema. Sauti ilikuwa ndogo, jaji akasogeza kiti. "Na si ua lililovunjwa. Hakuna aliyeniuliza kuhusu basi."

"Basi gani?"

Nikamwambia. Nilimwambia juu ya ngazi ya kwanza, na kondakta, na nazi. Nilimwambia nimepata nafasi chuoni na masomo yamekwisha kuanza. Kwamba kwenye karamu za hekaluni wote wanapokaa chini mstari mmoja mimi nasimama jikoni na wapishi. Kwamba mbuzi ya nazi naitumia nimesimama. Kwamba daktari amesema upasuaji mmoja tu. Sijui nilisema kwa muda gani. Sijawahi kusema maneno mengi hivyo mbele ya watu.

"Hiyo ya ndoa iondoeni," nikamaliza. "Si kweli kwamba imepotea, wala sijaitafuta. Naomba goti."

"Pechi!" wakili akanong'ona, kama mtu aliyeona pochi yake inaanguka mtoni.

Jaji akamgeukia yule bwana wa miwani.

"Bwana Kulasekaran, siku ile ulivaaje?"

"Shuka la pindo la dhahabu, Mheshimiwa. Ilikuwa Ijumaa. Nilipitia hekaluni kwanza."

"Ulibeba nini?"

"Ndizi, Mheshimiwa. Nilipewa hekaluni. Na asumini za mke wangu."

"Ukawaambia nini watu wa mtaa?"

Akakohoa. "Kwamba nimekuja kumuulizia binti."

Jaji akavua miwani yake, akaifuta polepole sana. "Una mabinti?"

"Wawili, Mheshimiwa. Mkubwa kafikia umri."

"Mtu akija mtaani kwenu Ijumaa, na pindo la dhahabu, na asumini, na ndizi, akasema amekuja kumuulizia, majirani zako watamwambia nini?"

Bwana Kulasekaran akafikiri kwa uaminifu kabisa. "Watamwambia anatembea kama tausi, Mheshimiwa."

Meza yetu iliangua kicheko, na meza za jirani zikacheka bila kujua kwa nini. Hata yule wa tai alicheka. Aachi alisema kwa sauti, "Mmeona? Mmeona?" na kumpiga Mama begani, na Mama akamwambia, "Tumeona, Mama, kaa chini."

Baada ya hapo mambo yalikwenda haraka. Jaji aliifuta ile hoja ya ndoa na kuifuta ile ripoti kwa pamoja. Akamwambia ofisa, "Huna maagizo ya kulipia bwana harusi. Sawa. Karatasi ya daktari hii hapa. Goti lilipiwe lote, na mazoezi baada yake, na maumivu, na miezi atakayopanda bajaji kwa kuwa hawezi basi. Au mrudi kwenye foleni." Ofisa akatoka kupiga simu. Nilitazama mlango aliotokea mpaka macho yakauma. Baba alikuwa ameshika bega langu, na mkono wake ulinuka vitunguu hata Madurai.

Akarudi. "Kampuni imekubali."

Ni pungufu ya alichotaka wakili, lakini goti limo lote. Tukatia saini. Baba alitia saini mara mbili mahali pamoja.

"Tangu nianze kazi hii," wakili akaniambia ngazini, "sijapata mteja aliyenyanyua hoja yangu na kuitupa." Nilidhani amekasirika. Kisha akasema, "Bahati hukulia. Ungelia vibaya sana."

Nje tulikula wali wa ukwaju chini ya ukuta, wao wamekaa, mimi nimeegemea gari. Bwana Kulasekaran akatufuata, kofia hana, mwavuli hana, amejawa na aibu. Aliomba radhi. Aachi akamtazama juu mpaka chini, halafu akampakulia wali. Alikula, akasifu, akaongezewa. Kisha akasafisha koo.

"Aachi, leo nauliza kwa nia nyingine. Nina mpwa wangu. Ni mwalimu, kule Sankarankovil."

Aachi akaweka chini sufuria. "Wa somo gani?"

"Mama!" Mama, Baba na wakili walisema kwa pamoja.

"Nimeuliza somo tu!"

"Hesabu," akasema Bwana Kulasekaran, naye alishatoa simu yake na kuonyesha picha.

Mimi niligeukia upande wa pili nikatazama minazi.

Jumatano, 20 Agosti

Tarehe ya upasuaji imepangwa, wiki ya kwanza ya Septemba. Baba alikwenda chuoni na begi la parota, akarudi bila parota lakini na ruhusa kwamba nitaanza masomo nikitoka hospitali. Mama na Aachi wanagombana moja kwa moja sasa, bila mkalimani, na nyumba imechangamka. Manyunyu yanapungua. Kutralam watu wamebaki wachache, na miti yote imebaki kijani.

Mtaani Aachi anasimulia kwamba jaji alifuta kesi nzima aliponiona, akasema binti kama huyu haulizwi. Shangazi Sornam anaunga mkono, ingawa hakuwepo.

Sasa wewe unayesoma, kama yupo mtu anayesoma, kuna jambo moja zaidi. Pale Madurai hapakuwa na minazi. Kulikuwa na ukuta, na kioo cha gari, na katika kioo cha gari picha ile ilionekana vizuri kabisa. Ana masikio makubwa. Anacheka kama mtu aliyeambiwa asicheke. Nilitazama mara moja. Labda mbili. Sina mpango wowote, nina hesabu za kusoma na goti la kujifunza kulikunja. Lakini Aachi akisikia kwamba nilitazama, Ijumaa ijayo baraza itajaa watu. Kwa hiyo nakuomba sana, usimwambie mtu. Hasa Aachi. Angalau mpaka nimalize chuo.